Jicho Lililowekwa Rehani

Mbali sana, upande wa kaskazini wa Ulaya, ziko nchi za Norwei, Uswidi na Denmark, na mbali zaidi, katikati ya bahari, kiko kisiwa cha Iceland. Huko wakati wa baridi usiku ni mrefu mno, na maji ya maziwa huganda yakawa magumu hata mtu aweza kupita juu yake kwa miguu. Zamani watu wa nchi hizo walikuwa na miungu yao, nao walizisimulia habari zake jioni kando ya moto. Baadhi ya habari hizo ni za kuchekesha, na baadhi ni za kutisha. Leo twataka kusoma zile zinazohusu maarifa, na bei iliyolipwa ili yapatikane.

Kwanza yafaa mjue jinsi habari hizi zilivyotufikia, kwa maana wale wa kale hawakuandika vitabu. Watu wa Iceland waliipokea dini ya Kikristo kwa shauri la baraza lao kuu yapata mwaka wa 1000. Ikapita miaka mia mbili, akatokea mtu mmoja mkubwa wa nchi, jina lake Snorri Sturluson, aliyezaliwa mwaka wa 1179. Alikuwa Mkristo, tena mjuzi wa sheria, tena mshairi. Washairi wa Kaskazini walipenda kusema kwa mafumbo: dhahabu waliiita nywele za Sif. Asiyejua kisa cha Sif, jinsi alivyonyolewa nywele zake kwa hila akatengenezewa nyingine za dhahabu, atalifumbuaje fumbo hilo? Snorri alihofu kwamba vijana wa siku zake watayasikia mashairi ya babu zao pasipo kuyafahamu. Basi yapata mwaka wa 1220 akaandika kitabu kiitwacho Edda, akaeleza humo visa vya miungu ya kale, ili ushairi usife pamoja na miungu. Mwenyewe aliuawa nyumbani kwake mahali paitwapo Reykholt mwaka wa 1241.

Kipo na kitabu kingine, chenye mashairi yenyewe, kilichoandikwa juu ya ngozi yapata mwaka wa 1270. Askofu mmoja wa Iceland, Brynjólfur Sveinsson, alikipata mwaka wa 1643. Mwaka wa 1662 kilipelekwa kwa mfalme wa Denmark, kikakaa huko zaidi ya miaka mia tatu, hata mwaka wa 1971 kikarudishwa kwao kwa meli. Ni kitabu kidogo tu. Ngozi 45 zilizokatwa kama karatasi zimebaki, na nyingine 8 zimepotea.

Mkuu wa miungu hiyo aliitwa Odin. Msimdhani kuwa kama mfalme aketiye kitini akingoja kuletewa habari. Kiti alikuwa nacho, na kutoka hapo aliweza kuziona dunia zote. Hata hivyo hakutosheka. Alivaa joho na kofia pana, akashika njia kama msafiri maskini, akajipa majina mengi, akaingia katika nyumba za adui zake kuwauliza maswali. Tena alikuwa na kunguru wawili. Mmoja aliitwa Huginn, maana yake Fikira. Wa pili aliitwa Muninn, na jina hilo watu wengi hulifasiri Kumbukumbu. Kila siku kulipopambazuka waliruka kuizunguka dunia, kisha wakarudi wakamnong'oneza masikioni yote waliyoyaona na kuyasikia. Odin alihofu kila siku kwamba huenda Fikira asirudi, lakini hofu yake kwa Kumbukumbu ilikuwa kubwa zaidi. Mwalimu yeyote aliyesimama mbele ya darasa baada ya likizo ndefu aifahamu hofu hiyo.

Bidii yake yote ilikuwa na sababu. Odin alikuwa ameambiwa kwamba iko siku ambayo miungu itapigana vita vya mwisho na majitu, na kwamba siku hiyo miungu haitashinda. Alitaka kujua itakuwa lini, na kwa njia gani, na kama liko jambo lolote la kufanya.

Watu wale walisema kwamba katikati ya dunia zote umesimama mti mmoja, jina lake Yggdrasil. Ni wa jamii ya mti mrefu wa Ulaya ambao mbao zake ni ngumu wala hazivunjiki upesi, hata watu hufanyiza mipini ya mikuki kwa mbao hizo. Juu ya mti amekaa tai, chini joka latafuna mzizi, na katikati kindi mmoja hupanda na kushuka mchana kutwa akiyachukua matusi ya huyu kumpelekea yule. Mizizi ni mitatu. Chini ya mmoja, upande wa majitu ya baridi, kipo kisima ambacho ndani yake imefichwa hekima. Mwenye kisima ni Mimir, naye ni mjuzi wa mambo mengi kwa kuwa hunywa maji yake kwa pembe.

Odin akamwendea, akaomba anywe mara moja. Hakuomba mtungi, aliomba funda moja tu. Mimir hakumpa. Basi Odin hakuwa mtu wa kunyimwa kitu. Alikuwa na mkuki wa ajabu uliofuliwa na mafundi wa chini ya ardhi, na farasi wake alikuwa na miguu minane. Lakini hatusomi kwamba alimtisha mwenye kisima. Alitoa jicho lake moja, akaliweka rehani, ndipo akanywa.

Liangalieni neno hilo rehani, kwa maana ndilo litumikalo katika shairi la kale na katika kitabu cha Snorri pia. Mtu akiuza mbuzi, mbuzi amekwenda, naye aweza kumsahau. Mtu aliyeweka rehani shamba lake huliona kila apitapo njiani, na moyo humwuma, kwa kuwa ni lake na si lake. Jicho la Odin lilikaa chini ya maji ya kisima kile, wala hatuambiwi kwamba lilipata kukombolewa. Shairi laongeza neno la ajabu, kwamba Mimir kila asubuhi hunywa kutoka katika rehani hiyo.

Mwaka mmoja nilipokuwa nikifundisha habari hizi, mtoto mmoja aliinua mkono akaniuliza, "Mwalimu, mtu atakaye kuona zaidi, mbona atoe jicho?" Nilimwambia aketi, kwa maana saa ya kengele ilikuwa karibu, lakini kweli ni kwamba sikuwa na jibu. Nimelifikiri swali lile mara nyingi tangu siku hiyo. Nadhani waliotunga kisa walijua vema walilolisema. Mimir hakupewa mguu wala mkono. Alipewa kitu cha namna ile ile kilichoombwa, kuona kwa kuona. Na tangu hapo, kila mahali Odin alipokwenda na maarifa yake, upande mmoja wa njia ulikuwa giza kwake.

Ziko na habari nyingine za Mimir, ambazo hazipatani vizuri na hizi za kisima, nanyi msijisumbue kuzipatanisha. Katika kitabu chake cha wafalme wa Norwei, Snorri asimulia kwamba koo mbili za miungu zilipigana hata zikachoka, zikapeana watu kuwa dhamana ya amani. Watu wa Odin wakampeleka Hoenir, mrefu, mzuri wa sura, na pamoja naye Mimir. Wale wa pili wakamfanya Hoenir kuwa mkuu mara moja, kwa kuwa alionekana mkuu. Kumbe kila shauri jema alilolitoa lilitoka kwa Mimir! Mimir asipokuwapo barazani, Hoenir alikuwa na jibu moja tu, kwamba wengine na waamue. Basi wenyeji wakaona wamepunjwa katika mabadilishano yale, wakakasirika, wakakata kichwa. Kichwa cha nani? Cha Mimir, mwenye akili, Hoenir wakamwacha. Wakakipeleka kichwa kile kwa Odin, naye akakipaka dawa za majani kisioze, akakisomea maneno ya uganga, kikawa kikisema naye na kumfunulia siri. Snorri haelezi kwa nini aliuawa mwenye hekima akaachwa mwenye sura. Labda wasomaji wake walikuwa wamekwisha kuyaona mambo ya namna hiyo katika mabaraza yao.

Sasa natuje katika jambo lililo zito zaidi. Katika kile kitabu cha ngozi Odin asimulia jinsi alivyoning'inia mtini mausiku tisa mazima, ana jeraha la mkuki, hana chakula wala cha kunywa. Dhabihu ilikuwa yeye, na aliyetolewa dhabihu hiyo alikuwa yeye vile vile. Mwisho wa mateso hayo alizipata runi, akalia kwa sauti, akaanguka.

Runi ni herufi za kale za watu wa Kaskazini. Kwanza zilikuwa 24, baadaye zikapunguzwa zikawa 16. Mistari yake mingi imenyoka, kwa sababu zilichongwa kwa kisu katika mti, mfupa au jiwe, na kisu hakipendi kupinda. Katika Denmark kimeonekana kitana cha yapata mwaka wa 160 baada ya kuzaliwa Kristo, kimechongwa neno moja la runi. Wengine hudhani kwamba herufi hizi zilikuwa za uganga tu. Lakini mwaka wa 1955 moto uliteketeza nyumba za zamani karibu na gati la mji wa Bergen, katika Norwei, na wataalamu walipoichimbua ardhi ya mahali pale waliona vijiti na vitu vingine zaidi ya 600 vyenye runi. Vingine vina sala, vingine vina maneno ya mapenzi, na vingi vina jina la mwenye mali tu, ili mzigo wa huyu usichukuliwe na yule. Hivyo herufi ambazo wazee walisema zilinunuliwa kwa mausiku tisa ya mateso zikaja kufungwa shingoni mwa gunia. Mimi sioni kuwa ni aibu. Ninyi mlizipata herufi zenu kwa machozi machache na nyimbo za darasani; wale walifikiri kwamba kitu cha thamani hivyo sharti yuko mtu aliyekilipia hapo mwanzo.

Mkristo asomapo habari za mti na mkuki huukumbuka Msalaba, na wataalamu wengine wamedhani kwamba washairi waliisikia Injili wakayachanganya mambo. Wengine wamekataa, wakisema kwamba kamba na mkuki zilikuwa desturi ya kale ya kumtolea Odin watu. Mabishano yao hayajaisha. Lakini tofauti moja yaonekana pasipo elimu nyingi: Odin alining'inia ili apate kitu yeye mwenyewe.

Na desturi hiyo ya kamba haikuwa hadithi tupu. Padre mmoja wa Ujerumani, aitwaye Adam wa Bremen, aliandika yapata mwaka wa 1075 kwamba mahali paitwapo Uppsala, katika Uswidi, kila baada ya miaka tisa ilifanywa karamu kubwa ya miungu. Madume tisa ya kila aina ya kiumbe yalitolewa, na miili ikatundikwa katika miti ya msitu mtakatifu, ya watu na ya mbwa na ya farasi pamoja. Adam hakuyaona haya kwa macho yake. Aliambiwa, tena alikuwa na sababu ya kuwasema vibaya wapagani. Lakini hata tukiyapunguza maneno yake nusu, kinachobaki ni kingi. Hapo ndipo kisa cha Odin kinaponitia mashaka. Mtu ambaye kwanza alilipa kwa mwili wake mwenyewe, akaja kulipwa kwa miili ya wengine.

Wala si kila mara alilipa. Ilikuwapo pombe ya asali iliyompa mnywaji akili na ushairi, nayo ililindwa ndani ya mlima na Gunnlod, binti wa jitu. Odin akaingia kwa hila, akampendeza binti yule, akaruhusiwa kunywa mafunda matatu. Kwa mafunda matatu akavikausha vyombo vyote, akageuka tai, akaruka. Mashairi yenyewe hayafichi kwamba Gunnlod aliachwa akilia. Bei ya maarifa yale aliilipa yeye.

Kwa hiyo nataka mmjue na mungu mwingine, ambaye habari zake ni fupi. Aliitwa Tyr. Waingereza wameipa siku ya Jumanne jina lake, kama walivyoipa Jumatano jina la Odin.

Alikuwapo mbwa-mwitu mmoja, Fenrir, mwana wa Loki mwenye hila. Miungu walimlea nyumbani kwao tangu alipokuwa mdogo, lakini Tyr peke yake ndiye aliyethubutu kumkaribia na kumpa chakula. Kila siku alizidi kukua, na waaguzi wakasema kwamba huyu atakuja kuwaangamiza. Hawakutaka kuitia damu yake katika mahali pao patakatifu, basi wakaazimu kumfunga. Wakamletea mnyororo mnene, wakamwambia, "Hebu jaribu nguvu zako." Akajinyosha, mnyororo ukakatika. Wakaleta wa pili, mnene mara mbili. Nao ukaruka vipande vipande.

Ndipo wakatuma kwa mafundi wa chini ya ardhi, nao wakatengeneza kamba kwa vitu sita: mshindo wa nyayo za paka, ndevu za mwanamke, mizizi ya mlima, mishipa ya dubu, pumzi ya samaki, na mate ya ndege. Snorri atuambia kwa kicheko kidogo kwamba ndiyo maana vitu hivyo havionekani siku hizi: vilikwisha katika kamba ile. Ilikuwa laini kama utepe wa hariri. Wakamchukua Fenrir mpaka kisiwa kimoja ziwani, wakamwonyesha.

Mbwa-mwitu hakuwa mjinga. Akasema kwamba utepe mwembamba hivyo haumpi sifa akiukata. Na kama una hila ndani yake, hautagusa miguu yake. Miungu wakamwahidi kwamba akishindwa kuukata watamfungua. Akajibu kwamba hana imani na ahadi yao, lakini asije akaitwa mwoga, mmoja wao na atie mkono wake katika kinywa chake, uwe rehani ya kwamba hawamdanganyi.

Hapa neno lile lile larudi. Miungu wakatazamana. Kila mmoja alijua kwamba ahadi ile ni ya uongo, na kwamba atakayetia mkono hataupata tena. Hakuna aliyejongea. Kisha Tyr akanyosha mkono wake wa kuume, akautia kinywani mwa yule aliyekuwa akimlisha.

Wakamfunga. Fenrir akajinyosha, na kila alipozidi kujinyosha kamba ilizidi kukaza. Miungu wote wakacheka, Tyr hakucheka. Mbwa-mwitu alipoona hafunguliwi, akafumba meno. Watu wa Iceland wanalo jina la kifundo cha mkono, maana yake ni kiungo cha mbwa-mwitu, na Snorri asema latoka katika siku hiyo.

Je, Tyr alifanya vema? Nimewaona wanafunzi wakigombana juu ya swali hili mpaka wali ukapoa. Mmoja husema aliwaokoa wote. Mwingine husema aliitumia imani ya rafiki yake kumfunga, kwa kuwa Fenrir hangekubali mkono wa mwingine upesi hivyo. Maneno yote mawili ni kweli, nami siwezi kuliondoa moja ili nilitetee lingine. Ila kwa maoni yangu namheshimu Tyr kuliko Odin. Odin alitoa jicho akapata hekima, akawa mkuu zaidi. Tyr alitoa mkono wake hakupata kitu. Na kwa kuwa miungu wote walisema uongo, alikuwa mmoja tu aliyeulipia, wala hakuukana. Waliobaki walirudi nyumbani na mikono yao yote miwili.

Na kamba ile, pamoja na hayo yote, haikudumu. Wazee walisema kwamba siku ya mwisho itakatika. Siku hiyo Odin atakwenda kisimani kwa Mimir mara moja tena kutaka shauri, kisha atavaa kofia ya dhahabu, atashika mkuki wake, na kwenda mbele ya jeshi kupambana na Fenrir. Naye Fenrir atammeza. Jambo hili Odin alilijua tangu zamani. Alilinunua kwa jicho, akalisikia kutoka kwa waaguzi na kutoka kwa wafu aliowaamsha makaburini, na katika yote aliyoyajua haikuwamo njia ya kulikwepa. Hata hivyo atapanda farasi na kwenda.

Tyr naye siku hiyo atapigana kwa mkono mmoja na mbwa mkubwa aitwaye Garm, nao watauana.

Atakayemlipia Odin kisasi ni mwanawe Vidar, kijana mnyamavu ambaye hajulikani kwa maneno. Ataukanyaga utaya wa chini wa mbwa-mwitu kwa mguu uliovaa kiatu kinene mno, atashika utaya wa juu kwa mkono, na kukipasua kinywa chake. Kiatu hicho, asema Snorri, kimekuwa kikikusanywa tangu mwanzo wa nyakati, kwa vipande vya ngozi ambavyo watu huvikata penye vidole na kisigino watengenezapo viatu vyao. Kwa hiyo mtu apendaye kuwasaidia miungu sharti avitupe vipande hivyo, asivitie mfukoni.